Walinzi Wakaao Kando: Jinsi ya Kusoma Masanamu ya Wajaini

Mtu aliyekulia karibu na Musumba, mji wa Mwant Yav, hahitaji kufundishwa neno hili: ukiingia barazani kwa wakubwa, tazama kwanza nani amekaa wapi. Zamani mji ule ulipangwa kwa mfano wa kobe. Mbele, penye kichwa, walikaa wakuu waliolinda njia. Kuume na kushoto walikaa wengine. Nyuma wengine tena. Na ua wa mfalme ulizungukwa na hao wote. Walikuwako pia wanawake wenye vyeo vikubwa, kama Rukonkesh na Swan Murund, ambao mahali pao palijulikana na kila mtu. Mgeni asiyejua desturi aliweza kumwinamia mtumishi mwenye mavazi mazuri akidhani ndiye mfalme. Mwenyeji hakukosea hivyo, kwa sababu alitazama mahali kabla ya kutazama mavazi.

Basi, ndugu wasomaji, leo twataka kuingia kwa mawazo katika nyumba ya ibada ya watu wengine na kuisoma kwa jinsi hiyo hiyo. Watu hao ni Wajaini wa Bara Hindi. Hawako mbali nasi kama mtu awezavyo kudhani. Huko Mombasa, katika barabara ya Langoni, liko hekalu lao la marumaru nyeupe, lililojengwa mwaka 1963, mwaka ule ule Kenya ilipopata uhuru wake. Husemwa kuwa ndilo la kwanza la namna hiyo kujengwa nje ya Bara Hindi. Limewekwa kwa heshima ya Parshvanatha, ambaye sanamu yake hujulikana mara moja: mtu amekaa kimya, mikono imetulia, na juu ya kichwa chake vichwa vya nyoka vimetanda kama mwavuli.

Mpita njia aonapo sanamu ya namna hiyo husema upesi: "Kumbe watu hawa huabudu nyoka!" Neno hilo ni jepesi kusema, lakini si kweli. Nyoka yule si bwana wa nyumba. Ni mlinzi wake. Tena hayuko peke yake. Kando ya mabwana wa Wajaini wako walinzi wengi, wanaume kwa wanawake, na habari yao ni ya miaka zaidi ya elfu mbili. Inafaa tuijue, maana ndani yake limo swali ambalo kila kabila limepata kuliuliza: mtu akiwa na shida, ni nani amsikiaye?

BWANA ALIYEKWISHA KUVUKA

Wajaini huheshimu walimu 24, mmoja baada ya mwingine. Kila mmoja huitwa tirthankara, maana yake mwenye kufanya kivuko. Kwa mafundisho yao dunia hii ni kama mto mpana. Roho ya kila kiumbe, ya mtu, ya mnyama, hata ya mdudu, imefungwa na mzigo wa matendo yake. Nayo huzaliwa na kufa, kisha huzaliwa tena na kufa tena. Tirthankara alipata mahali pa kuvukia, akawaonyesha wengine, kisha akavuka yeye mwenyewe. Wa 23 ndiye Parshvanatha, aliyezaliwa katika mji wa Banaras. Wa 24 ndiye Mahavira, ambaye kwa hesabu ya Wajaini wengi alizaliwa mwaka 599 na kufa mwaka 527 kabla ya Kristo.

Amri yao kubwa ni kutodhuru kiumbe cho chote. Kwa hiyo hawali nyama wala samaki, na watawa wao huchukua ufagio mwororo ili wasikanyage wadudu. Wamegawanyika katika makundi mawili makubwa: Washvetambara, ambao watawa wao huvaa nguo nyeupe, na Wadigambara, ambao watawa wao wa kiume walioiacha dunia kabisa hawavai nguo yo yote.

Sasa twafika kwenye jambo gumu. Wajaini hawafundishi kwamba yuko Mungu aliyeiumba dunia. Tena tirthankara aliyevuka hawezi kurudi. Hana hasira, hana upendeleo, hana haja. Haleti mvua, haponyi mtoto, hamrudishi msafiri nyumbani. Mjaini anayejua dini yake akiinama mbele ya sanamu ya Parshvanatha haombi kitu. Anaheshimu mfano mwema na kuusafisha moyo wake mwenyewe, basi.

Sisi wa kando ya Lualaba twajua kivuko ni nini. Aliyefika ng'ambo amefika. Lakini usiku, wale waliobaki ng'ambo hii wana shida zao: mto umejaa, mtoto ana homa, chakula kimekwisha. Wakipiga kelele, yule aliyevuka milele hatarudi na mtumbwi. Basi, nani atawasaidia? Mafundisho yakijibu tu, "Jisaidie mwenyewe kwa matendo mema," huenda mtawa akaridhika. Mama mwenye mtoto mgonjwa je?

WALINZI WALITOKA WAPI

Zamani sana, kabla ya mahekalu makubwa kujengwa, watu wa vijiji vya Bara Hindi waliamini kuwako kwa pepo walioitwa yaksha. Wa kike huitwa yakshi. Walisemwa kukaa katika miti mikubwa, katika maziwa na kwenye njia panda. Walilinda hazina zilizofichwa ardhini, na mfalme wao aliitwa Kubera. Waliweza kumpa mtu watoto na mali, na waliweza pia kumtisha na kumdhuru. Watu waliwawekea chakula chini ya mti. Katika kijiji cha Parkham, karibu na mji wa Mathura, ilipatikana sanamu ya mawe ya yaksha mmoja, ndefu kuliko mtu ye yote, mwenye tumbo kubwa na mikufu shingoni. Sanamu hiyo ilichongwa kabla ya kuzaliwa Kristo, nayo ni moja ya masanamu makubwa ya kale kabisa ya nchi ile.

Wafanya biashara nao walikuwa na yaksha wao. Mmoja aliyeitwa Manibhadra aliheshimiwa sana na watu wa misafara. Na Wajaini wengi walikuwa wafanya biashara, kwa sababu amri ya kutodhuru iliwazuia kazi nyingi nyingine. Hivyo yule Mjaini aliyesikia mafundisho ya watawa asubuhi ndiye yule aliyepita chini ya mti wa yaksha jioni, akiwa na mizigo yake na hofu ya wanyang'anyi.

Wakuu wa dini wangefanyaje? Wangaliweza kuwafukuza yaksha wote na kuwaita waongo. Wangaliweza pia kuwaacha wakae katikati ya hekalu, na dini yao ingalibadilika kuwa nyingine. Hawakufanya hili wala lile. Waliwapa yaksha kazi. Wakasema: pepo huyu amesikia mafundisho ya tirthankara, ameyapenda, naye sasa ni mtumishi wake. Anailinda dini na kuwasaidia waaminifu. Lakini yeye mwenyewe bado hajavuka. Naye atakufa siku moja, atazaliwa tena, na atahitaji kivuko kile kile. Ndiyo maana yeye pia humwinamia bwana.

Mpango huu haukufanyika siku moja. Masanamu mengi ya Kijaini yaliyochimbuliwa Mathura katika karne ya 19, mahali paitwapo Kankali Tila, hayana bado walinzi wawili wawili kwa utaratibu. Katika karne ya 6 baada ya Kristo twaanza kuwaona, yaksha mmoja na yakshi mmoja, kando ya kiti cha bwana. Kisha hesabu ikaendelea hata kila mmoja wa walimu 24 akawa na walinzi wake wawili. Huko Deogarh, katikati ya Bara Hindi, liko hekalu lenye maandishi ya mwaka 862, na kutani mwake wamechongwa yakshi 24, pamoja na majina yao. Majina mengine hayapatani kati ya Wadigambara na Washvetambara, lakini utaratibu ni mmoja.

NYOKA WAWILI KATIKA GOGO

Sasa tusikie hadithi ya yule nyoka wa Parshvanatha, kama Wajaini wanavyoisimulia.

Parshvanatha alipokuwa bado kijana wa kifalme alimkuta mtu mmoja jina lake Kamatha, aliyejitesa mbele ya moto mkubwa ili watu wamsifu kwa utakatifu wake. Kijana akatambua kuwa ndani ya gogo moja lililowaka wamo nyoka wawili, mume na mke. Akaamuru gogo lipasuliwe. Nyoka wakatoka wamekwisha kuungua. Akawasomea maneno matakatifu ya dini yake, wakafa kwa amani, wakazaliwa tena kuwa wakuu wa nyoka wa chini ya ardhi: Dharanendra na mkewe Padmavati.

Kamatha naye akafa, akazaliwa tena kuwa pepo wa mawingu, mwenye chuki ile ile. Siku moja akamkuta Parshvanatha, ambaye sasa alikuwa mtawa, amesimama porini katika kutafakari. Akamletea tufani. Mvua ikanyesha hata maji yakampanda mtawa mpaka karibu na pua, lakini hakusogea. Ndipo Dharanendra akakumbuka lile gogo. Akaja mbio, akatandaza vichwa vyake juu ya mtawa kama mwavuli, naye Padmavati akawa pamoja naye, mpaka adui akaona haya na kushindwa.

Msomaji aangalie vizuri. Katika hadithi hii Parshvanatha hakuomba msaada. Nyoka hakutumwa na mtu. Alikuja kwa shukrani, kwa sababu alikumbuka wema aliotendewa alipokuwa kiumbe dhaifu motoni. Basi yule asemaye "wanaabudu nyoka" amegeuza habari yote. Sanamu ile yasema kwamba hata nyoka, akitendewa huruma, aweza kulipa.

Hadithi nyingine ni ya Ambika, mlinzi wa Neminatha, tirthankara wa 22. Alikuwa mke wa Mbrahmani. Siku ya karamu ya wazee waliokufa, chakula kilipokuwa kimekwisha kupikwa na wageni hawajala, mtawa wa Kijaini akapita kuomba. Ambika akampa chakula kile. Mumewe akakasirika sana, akamfukuza yeye na watoto wake wawili. Njiani watoto wakalia njaa na kiu. Mwembe mkavu ukazaa maembe, na ziwa lililokauka likajaa maji. Mume akajuta, akamfuata ili amrudishe. Lakini yule mwanamke alipomwona anakuja mbio, akadhani anakuja kumwua, akajitupa kisimani akafa. Akazaliwa tena kuwa yakshi. Mumewe naye akafa, akawa simba anayempanda.

Tangu hapo huchongwa amekaa juu ya simba, ameshika tawi la mwembe, na mtoto mmoja mapajani pake. Wanawake wa Kijaini humwendea kwa ajili ya uzazi na watoto wao. Twaelewa kwa nini. Bwana wa katikati hakupata kufukuzwa nyumbani na watoto wenye njaa. Yeye alipata.

KAZI YA FUNDI WA SHABA

Watu wa nchi ya shaba watapenda kujua kwamba masanamu mengi mazuri ya walinzi hawa hayakuchongwa kwa mawe, bali yalimiminwa. Wazee wetu wa Katanga walimimina shaba katika vifanyizo, wakapata ile misalaba iliyotumiwa kama fedha. Mafundi wa Bara Hindi walichanganya shaba na madini mengine, wakafanya hivi: kwanza walitengeneza sanamu ya nta, wakaipaka udongo pande zote, wakaipasha moto hata nta ikayeyuka na kutoka, kisha wakamimina shaba mahali pa nta. Udongo ulipovunjwa, sanamu ilitoka. Kila kifanyizo kilitumika mara moja tu. Mara nyingi, huko magharibi ya Bara Hindi, macho ya sanamu yalitiwa fedha ili yang'ae gizani.

Mwaka 1951, mahali paitwapo Akota karibu na mji wa Baroda, lilipatikana fungu kubwa la masanamu ya Kijaini ya shaba iliyochanganywa, yaliyofichwa ardhini tangu karne nyingi. Mengine ni ya karne ya 6. Ndimo wanamoonekana baadhi ya walinzi wa kwanza kabisa walio wawili wawili, bado wadogo, wameketi kwa unyenyekevu penye kiti cha bwana wao.

Basi fundi alimwonyeshaje mtazamaji ni nani bwana na ni nani mlinzi? Ziko alama nne.

Ya kwanza ni mahali. Bwana yuko katikati. Yaksha yuko kuume kwa bwana, na yakshi kushoto kwake.

Ya pili ni ukubwa. Mlinzi akiwekwa pamoja na bwana wake huwa mdogo, pengine asifike hata gotini. Jambo hili si geni kwetu. Masanamu ya Chibinda Ilunga, yule mwindaji aliyemwoa Ruwej na kuanzisha ukoo wa wafalme wa Walunda, yalichongwa na mafundi wa Kichokwe katika karne ya 19 yakiwa na kilemba kikubwa, mikono mikubwa na miguu mikubwa kupita kiasi. Fundi yule hakukosa macho. Alipima heshima ya mtu, wala hakupima mwili wake.

Ya tatu ni mavazi na vitu. Bwana huchongwa bila silaha, na mikono yake miwili imetulia. Mlinzi ana taji, mikufu na bangili. Mara nyingi ana mikono minne au zaidi, na kila mkono umeshika kitu: tunda, kamba, gurudumu, ua la yungiyungi. Chakreshvari, yakshi wa tirthankara wa kwanza, hushika magurudumu. Mwenzake Gomukha ana kichwa cha ng'ombe. Matanga, yaksha wa Mahavira, hupanda tembo.

Ya nne ni mwendo. Bwana ameketi au amesimama wima, hageuki huku wala huko. Mlinzi amekunja mguu, ameinamisha kiuno, amegeuza uso. Yeye bado yumo duniani, naye ana kazi ya kufanya. Bwana amemaliza kazi.

Mtu akizijua alama hizo nne aweza kulisoma hekalu zima hata asipojua lugha yao. Hata katika yale mahekalu mashuhuri ya marumaru huko mlima Abu, moja la mwaka 1031 lililojengwa na waziri Vimala, na jingine la mwaka 1230 la ndugu wawili Vastupala na Tejapala, penye michoro mingi kupita hesabu, mpangilio ni huo huo. Walinzi hujaa juu ya dari na kando ya milango, wakicheza na kung'aa; na ndani kabisa, katika chumba kidogo, amekaa yule asiyesogea.

MLINZI AKIMFUNIKA BWANA

Lakini haikuwa rahisi kumweka mtumishi mahali pake siku zote. Huko Ellora liko hekalu la Kijaini la karne ya 9 lililochongwa ndani ya mwamba. Ukumbini yuko yaksha mkubwa juu ya tembo, na kumwelekea yuko Ambika juu ya simba, chini ya mwembe. Watu walipomwona yule mwenye tembo walidhani ni Indra, mfalme wa miungu ya Wahindu, nao wakaliita hekalu lile Indra Sabha, yaani baraza la Indra. Jina hilo limebaki hata leo. Ndiyo hatari ile ile ya mgeni wa barazani: hekalu zima lilipewa jina kwa sababu ya mtumishi, tena jina lisilo lake.

Kusini, katika nchi ya Karnataka, yaksha aitwaye Brahmadeva amewekwa juu ya nguzo ndefu mbele ya mahekalu, naye huonekana kutoka mbali kabla bwana hajaonekana. Huko Humcha, Padmavati ana hekalu lake mwenyewe, na watu wengi huenda pale kwa ajili yake. Na huko Mahudi, katika Gujarat, yuko mlinzi mwenye upinde aitwaye Ghantakarna. Watu humpelekea tamutamu ya unga wa ngano, siagi na sukari guru, nao hula papo hapo. Desturi hairuhusu kuitoa nje ya hekalu hata kidogo. Lakini chakula kilichowekwa mbele ya tirthankara hakirudi kuliwa na waliokileta, kwa sababu yeye hapokei wala hatoi. Kwa mlinzi mtu huleta na hupata. Kwa bwana huacha.

Wajaini wenyewe waliliona jambo hili wakabishana. Katika karne ya 15, huko Gujarat, mtu aitwaye Lonka Shah alisoma vitabu vya dini akasema hakuona humo amri ya kuweka masanamu. Kutokana na mafundisho yake walitokea Wasthanakvasi, ambao hawana masanamu, wala ya bwana wala ya mlinzi. Mwaka 1760 likaanza kundi jingine lisilo na masanamu, la Waterapanthi. Na katika karne ya 17 baadhi ya Wadigambara wa kaskazini waliyakubali masanamu ya tirthankara lakini wakakataa kabisa kuwaheshimu yaksha kwa ibada. Walisema: aliyefungwa atamfunguaje aliyefungwa?

Wengine wakajibu: hatumwombi atufungue; twamheshimu kama ndugu mkubwa katika dini. Na desturi ya Washvetambara wengi yalinda tofauti hiyo hata kwa vidole. Sanamu ya bwana hupakwa sandali mahali tisa pa mwili. Mlinzi hupakwa alama moja tu katika paji la uso. Tena bwana hutangulia, mlinzi hufuata.

WALIOVUKA BAHARI

Wajaini wengi wa Kenya walitoka katika vijiji vya karibu na mji wa Jamnagar, katika rasi ya Kathiawar. Huitwa Waoshwal. Wengi wao walikuwa wakulima maskini, si matajiri kama wengine wanavyodhani. Mwaka 1899 mvua ilikosekana, ikaja njaa kubwa iliyoendelea mwaka 1900. Wakati huo huo reli ilikuwa ikijengwa kutoka Mombasa kwenda ziwa Victoria, kazi iliyoanza mwaka 1896 na kufika ziwani mwaka 1901. Habari za kazi na biashara zikafika vijijini. Vijana wakapanda majahazi yaliyosukumwa na kaskazi, wakashuka Mombasa, wakaenda Nairobi, Thika na kwingineko, wakawa watumishi wa maduka, kisha wenye maduka.

Tuwafikirie vijana hao katikati ya bahari. Dini yao iliwafundisha kwamba bwana aliyevuka hawezi kuituliza hata wimbi moja. Ilikuwa pia imewasimulia, tangu utotoni, juu ya tufani ya Kamatha na nyoka aliyetandaza vichwa vyake. Si ajabu basi kwamba watu wa safari humpenda Parshvanatha, na kwamba walipopata nguvu za kujenga kwa marumaru huko Mombasa, ndiye waliyemjengea.

Wengi wao hawakukaa moja kwa moja. Mwaka 1972 Idi Amin aliwafukuza Waasia wa Uganda, na wengine wakaondoka Kenya na Tanzania kwa sababu nyingine. Huko Leicester, Uingereza, Wajaini, wengi wao waliotoka Afrika ya Mashariki, walifungua hekalu mwaka 1988. Walivuka bahari ya pili pamoja na walinzi wao.

TUFIKIRI NASI

Msomaji atauliza: je, walinzi hao si kama malaika wetu? Mfano unavutia, lakini tusiufuate upesi. Malaika, kwa imani yetu, ametumwa na Mungu anayetusikia. Yaksha hakutumwa, amekuja mwenyewe kwa sababu bwana wake hasikii maombi tena. Vitu viwili vyaweza kufanana kwa sura, navyo vimetoka katika mizizi mbalimbali.

Labda mfano wa karibu zaidi uko kwa wazee wetu. Walunda walijua jina la Nzambi, aliye juu ya vyote. Lakini wakati wa ugonjwa na wa kukosa nyama mawindoni, wengi walikwenda kwenye mti wa muyombo uliopandwa kwa ajili ya wazee waliokufa, wakasema nao kama mtu anavyosema na watu wa nyumbani. Waliwaendea walioonja njaa na homa kama wao. Aliyewacheka Walunda kwa ajili ya mti ule, na anayewacheka Wajaini kwa ajili ya nyoka, wote wawili wanacheka kilio cha mtu mwenye shida kabla ya kukisikiliza.

Kuielewa imani ya jirani si kuifuata. Lakini asiyeielewa atasema uongo juu ya jirani yake, hata bila kukusudia, na uongo huo hupita kutoka duka hadi soko, kutoka mzazi hadi mtoto, mpaka watu wanaokaa mtaa mmoja wanatazamana kama wanyama wa mwitu. Katika miji yetu pia, Kolwezi na Lubumbashi, wako wafanya biashara wa Kihindi wa dini mbalimbali, na wengi wetu hatujapata kuuliza hata mara moja ni dini gani.

Basi, atakayejaliwa kufika Mombasa na kuruhusiwa kuingia hekaluni, aache mlangoni viatu na kila kitu cha ngozi, hata mshipi, kwa sababu ngozi imetoka kwa mnyama aliyekufa. Akiisha kuingia, asianze na vitu ving'aavyo. Atafute kwanza yule aliye katikati asiyesogea. Kisha ashushe macho penye kiti chake, kuume na kushoto, awatafute wale wadogo wenye taji na mikono mingi, walio tayari kuondoka mara waitwapo.